Kioo Kilichopanda Gitega

Mimi Swedi nilikuwa na mdomo unaojulikana kutoka Rwezamenyo hadi kituo cha mabasi cha Nyabugogo. Kazi yangu ilikuwa kusema juu ya filamu. Nilikuwa na ukumbi wa video, chumba cha tofali chenye mabenchi, televisheni moja na deki moja. Filamu zikija kutoka Hong Kong au Bombay, nilisimama kando ya televisheni na maikrofoni yangu, nikawaambia watu kwa Kiswahili wale Wachina wanasema nini. Kichina sikukijua. Kihindi nilijua neno moja tu, lile la kumwita mpenzi. Lakini mtu akipigwa teke la tumbo, anasema nini duniani kote kama si "mama yangu"? Watu walipita kumbi nyingine njiani wakaja kwangu, na wapo waliofumba macho wakanisikiliza mimi tu, filamu ikajiendea zake.

Basi siku Béatha alipoingia mlangoni na kanda mkononi, nilimwona kama mgonjwa aliyemjia daktari.

Nilimjua. Nani hakumjua? Alikuwa binti wa mtaa wa Gitega aliyepiga video za harusi kwa kamera ya mjomba wake Jean-Berchmans, mwenye studio ya picha. Kamera yenyewe ilikuwa ile kubwa ya kubeba begani, inayomeza kanda nzima. Akishaiweka begani, Béatha alitoa ncha ya ulimi pembeni mwa mdomo na kuisahau hapo mpaka amalize. Wageni wa harusi walikuwa wakimtania kwamba bibi harusi ana pete na mpiga video ana ulimi. Hakusikia. Akiwa nyuma ya kamera hata umwite jina la ubatizo haitiki.

"Nimepiga filamu yangu mwenyewe," akaniambia. "Fupi. Nataka uionyeshe kabla ya ile ya karate."

Huo ulikuwa mwaka wa tisini na moja. Vita vilikuwa vimeanza kaskazini Oktoba iliyotangulia, na mtu mwenye kamera barabarani aliulizwa ametumwa na nani. Nikalitazama kasha la kanda. Juu yake alikuwa ameandika kwa mwandiko mzuri wa shule: Ufugaji wa Sungura.

"Filamu ya sungura?"

"Hapana. Ya jerekani. Nimeandika hivyo kwa ajili ya vizuizi vya barabarani. Jana askari mmoja kaisoma, kaniambia sungura wake wanakufa tumbo limevimba. Nimemwambia asiwape majani yenye umande."

"Na wewe sungura unawajua?"

"Kama wewe unavyojua Kichina," akasema.

Hapo nikampenda, ingawa nilimkunjia uso.

Nikamuuliza alivyoipiga. Mashine ya kukata na kuunga hakuwa nayo, na sijui kama mjini ilikuwepo. Kwa hiyo alipiga filamu kwa mfuatano wake, picha ya kwanza kwanza, ya mwisho mwisho, yote ndani ya kamera. Picha ikiharibika, anarudisha kanda mpaka pale ilipoanzia na kupiga juu yake. Akichelewa kidole kidogo tu, anakula mkia wa picha iliyotangulia. Ndiyo maana alisimama mahali asubuhi nzima akitazama kabla ya kubonyeza. Watu wa Gitega walidhani ana deni na mtu wa mtaa huo.

Tukaionyesha. Ilikuwa bomba la maji la mtaani kwetu, pale ambapo kila mtu huacha jerekani yake kwenye foleni na kwenda kufanya shughuli zake. Jerekani zinasimama badala ya wenyewe. Mguu unapita, unasukuma moja mbele, nyingine zinafuata. Moja ya njano inarukwa, inarukwa tena, inabaki nyuma peke yake. Ni hayo tu. Hakuna aliyesema neno, hata muziki hakuna.

Ukumbi ukaanza kunung'unika. "Swedi, picha iko wapi?" mmoja akauliza. "Watu iko wapi?" mwingine. Wote wakanigeukia mimi, kama mabasi yanavyogeukia lango la Nyabugogo. Ningefanya nini? Nikashika maikrofoni. Ile ya njano nikaifanya mjane anayenyang'anywa shamba, ya bluu nikaifanya polisi mla rushwa, ya kifuniko kilichopotea nikaipa sauti ya kibogoyo. Watu walicheka mpaka benchi moja likavunjika. Nilijiona nimemwokoa binti wa watu.

Alinisubiri nje.

"Umewachekesha," akasema.

"Ndiyo. Shukuru."

"Hawajaiona, Swedi. Wamekusikia wewe." Hakupaza sauti, na hilo ndilo lililonichoma. "Mimi nataka kupiga filamu moja ambayo mtu ataitazama mpaka mwisho bila kuambiwa kitu. Asijue hata kwamba kulikuwa na mtu nyuma ya kamera. Aone tu, kama anatazama dirishani kwake. Moja tu, halafu nitarudi kwenye harusi."

"Chema chajiuza, kibaya chajitembeza," nikamjibu kwa dharau.

"Basi changu uniachie kijiuze. Nikirudi na nyingine, utafunga mdomo. Niahidi."

Nikaahidi, tena kwa hasira, kama unavyomwahidi mtu unayejua harudi.

Akarudi mwaka uliofuata. Kasha lile lile, sungura wale wale.

"Na jerekani ziko wapi?" nikauliza.

"Chini."

"Chini ya nini?"

"Chini ya mvua. Nimepiga juu yake."

Nilipandwa na hasira ambayo sikujua imetoka wapi. Mimi ndiye niliyeicheka filamu ile, lakini mtaani watoto walikuwa bado wanaita kila jerekani ya njano "mjane", na sasa mwenyewe ameifuta kama mtu anayefuta ubao. Nikamwambia mama hali wanawe. Akanieleza taratibu kwamba kanda nzuri ilikuwa hiyo moja, nyingine za mjomba ni za harusi za watu, na kwamba zile jerekani alijifunzia tu. "Kanda ni ya filamu iliyo bora," akasema. "Hii ya mvua ni bora."

Nikaiweka ndani ya deki, nikaenda kukaa nyuma kabisa, mikono nimeikalia.

Mvua kubwa inanyesha Nyabugogo. Watu wamekimbilia chini ya paa la duka la jumla, wamejipanga ukutani, hawajuani. Mpagazi na mzigo wake kichwani. Mwanamke na kuku. Bwana wa tai, viatu mkononi. Hakuna anayesema. Wanatazama mvua, na kamera inawatazama wao, uso mmoja baada ya mwingine, polepole. Yule wa tai anamsogezea nafasi mwenye kuku. Kisha mvua inapungua, mmoja anatoka, wawili, na ukuta unabaki peke yake na alama za migongo yenye maji.

Mwanzoni watu waligeuka kunitafuta. Nilitazama dari. Wakanung'unika, wakageuka tena mbele, na baada ya hapo hakuna aliyegeuka. Mimi nimesimamia ukumbi huo miaka na miaka, nimesikia humo kila kelele anayoweza kutoa binadamu, lakini kimya kile sikuwahi kukisikia. Mzee mmoja mbele alinyoosha kiganja kama anayepima matone. Ilipokwisha, watu hawakudai karate mara moja. Walikaa.

Nywele zilinisimama, nasema kweli. Kila siku nilipita chini ya paa lile nikienda kupokea kanda zangu kwenye mabasi, na sikuwahi kuona kwamba watu wanaposubiri mvua iishe wana nyuso za namna ile, nyuso za ibada. Huyu binti aliyeonekana kama amezubaa aliliona. Wahenga walisema kimya kingi kina mshindo mkuu, na mimi nilikuwa nikiitumia methali hiyo kuwatania watu wasioongea. Siku ile niliielewa.

"Vunja hiki," nikamwambia Béatha nikimwonyesha kile kidole cha plastiki mgongoni mwa kanda. Ukikivunja, deki na kamera haziwezi tena kupiga juu yake. "Kivunje leo."

"Bado," akasema. "Kuna nyingine."

Nilijua itakuwa hivyo.

Hiyo nyingine aliipata kwa jirani yake Épiphanie, mwanamke mwenye mabega mapana, muuza vitenge Nyabugogo. Épiphanie alikuwa amenunua sokoni kioo cha kabati, kirefu kama mlango, na kwa kuwa hakumwamini mpagazi yeyote, alikifunga mgongoni kwa kitenge kama mtoto, uso wa kioo ukitazama nje, akapanda nacho kilima mpaka Gitega. Béatha alimkuta njiani, akatembea nyuma yake. Aliona mtaa mzima ukimfuata Épiphanie mgongoni, na kila mtu aliyempita akijitazama. Usiku huo hakulala, aliniambia.

Akamwomba Épiphanie afanye tena safari ile. Épiphanie akamwuliza kama amerogwa, halafu akakubali. Waliipiga mwaka wa tisini na tatu, asubuhi baada ya asubuhi, kipande cha njia baada ya kipande, kutoka Nyabugogo kwenda juu. Na hapa ndipo nilipouona ufundi wake wote. Kioo kinakuona unapokiona. Ukitembea nyuma yake moja kwa moja, umo ndani. Kwa hiyo Béatha alitembea ubavuni, kwa mshazari, kamera begani, mguu mmoja barabarani na mwingine mtaroni, akihesabu jua liko wapi na kivuli chake kitaangukia wapi. Siku moja niliwafuata kidogo. Alitembea kama kaa, hakutazama chini hata mara moja, na hakujikwaa. Mimi niliyekuwa na mikono mitupu nilianguka mtaroni, Épiphanie akacheka mpaka kioo kikatikisika na wakarudia picha.

Walipomaliza, wakaja ukumbini mchana, wao wawili na mimi, mlango umefungwa.

Sijui niieleze vipi filamu ile, na kueleza ndiyo kazi yangu. Kioo kinapanda. Wapagazi wa Nyabugogo wananyoosha kofia. Wasichana wa shule wanasukumana ili kila mmoja apate nafasi yake humo. Jandarme wa kizuizini, bunduki begani, anasogea kwa ukali, halafu anachungulia meno yake. Mchinjaji anajiona, anafuta damu shavuni, kama ana haya. Watu wananuna kabla hawajajiona, na wakishajiona wanalainika. Nyuma yao kuna vilima vyetu na mabati yetu yanayometa. Nilikuwa nimeishi mjini humo maisha yangu yote nikisimulia majumba ya Hong Kong. Hakuna aliyeniambia kwamba na sisi tunaonekana. Machozi yalinitoka na sikuyaficha.

Kisha tukafika kwenye kona ya Gitega. Mtu anamwita Épiphanie, naye anageuka kumsalimia. Kioo kinageuka pamoja naye. Na ndani ya kioo, katikati kabisa, amesimama Béatha, kamera begani, jicho moja limefumbwa, ulimi nje.

Si kwa kupepesa jicho. Anakaa pale kwa muda wa kuvuta pumzi na kuitoa. Kwenye kile kitundu cha kuchungulia cha kamera, chenye picha ndogo ya nyeusi na nyeupe, hakuwa amejiona.

Épiphanie alicheka mpaka akashika mbavu. "Ulimi, sha! Tazama ulimi!" Mimi nikasema kinyozi hajinyoi, lakini leo huyu kanyolewa. Na kweli hakuna mtu aliyekuwa na picha ya Béatha. Katika harusi zote za Gitega yeye ndiye aliyekosekana, kwa sababu alikuwa upande wa pili.

Béatha hakucheka. Alikuwa anatazama kilichofuata, kwa sababu mara tu baada ya kona ile mama yake anatoka uani. Mama huyo hakutaka kamera hata kidogo. Picha aliyokuwa nayo duniani ilikuwa ya kitambulisho, na hiyo hakuipenda. Lakini kioo alikikubali. Anasimama mbele yake, anafungua kilemba, anakifunga upya kwa utaratibu, anajitazama upande huu na upande ule, halafu anacheka na kuufunika mdomo kwa mkono. Hapo filamu inaisha.

"Rudisha," Béatha akasema. Nikarudisha. Akajiona tena. "Lazima nitoke."

"Utoke wapi?"

"Humo. Mtu akiniona hapo, mengine yote anajua ni mimi niliyeyapiga. Dirisha limevunjika."

Nikamwambia hakuna masika yasiyo na mbu. Nikamwambia watu hawatajali. Nikamwambia, na hapo nilikuwa nimekasirika, kwamba kama anaona haya ulimi wake angeufunga zamani. Akanisubiri nimalize. Kupiga juu ya kipande kile hakuweza, kwa sababu kidole chake kikichelewa kubonyeza kingekula kicheko cha mama, na mama alishasema kwamba mara ya pili haitakuwepo. Njia ilikuwa moja: deki mbili, ya kwanza icheze na ya pili inakili, na picha ikifika kwenye kona, ya pili isimamishwe, yeye apite, kisha iendelee. Mimi nilikuwa na deki moja.

"Nikishatoka, nitavunja kidole hiki mwenyewe," akasema. "Ndipo utaionyesha. Kabla ya hapo asiione mtu."

"Na mimi nitafunga mdomo?"

"Na wewe utafunga mdomo."

Tukatafuta deki ya pili. Lakini miezi ile mji ulikuwa umeshika tumbo. Mabomu ya mkono yalirushwa stendi na sokoni, vijana walipita wakiimba nyimbo ambazo ukizisikia unafunga dirisha, na mwenye deki aliifungia ndani na kukana kwamba anayo. Ukumbini kwangu watu walianza kukaa kwa makundi, huku hawa na kule wale. Béatha alipita mara nyingi akiuliza, "Bado?" na mimi nikijibu, "Bado." Nilimbembeleza aniruhusu kuionyesha kama ilivyo. Alikataa kwa upole ule wake unaochosha kuliko matusi.

Mwisho niliipata mimi mwenyewe. Bwana mmoja wa Nyamirambo alikubali kutuazima yake Jumamosi baada ya Pasaka, mwaka wa tisini na nne. Nilimpelekea Béatha habari nikijivuna kama niliyeua simba. Alifurahi hivi kwamba aliniachia kanda ikae kwangu, asihangaike nayo kwenye vizuizi.

"Basi Jumamosi tunanitoa," akasema, na siku hiyo alicheka.

Jumatano ya wiki hiyo ndege ya Rais iliangushwa, na Alhamisi asubuhi vizuizi vilikuwa kila kona.

Miezi iliyofuata siisimulii. Nimesimulia vita vya Wachina na vya Wahindi, nimewatilia maneno mdomoni watu wa kila taifa, lakini kwa miezi hiyo sina mdomo. Nitasema yanayohusu kanda tu. Béatha, mama yake na Jean-Berchmans waliuawa Gitega siku za mwanzo kabisa. Épiphanie alinijia kupitia uani, nikampandisha juu ya dari ya ukumbi, akaishi huko. Waporaji walikuja chini yake wakachukua televisheni, deki, spika, hata mabenchi. Kanda zangu zote za karate na za Kihindi waliziondoa. Moja waliiacha sakafuni, kwa sababu nani atapora ufugaji wa sungura.

Mji ulipofunguliwa tena Julai, watu walirudi kutoka kila upande, wengi wao wamezaliwa ukimbizini na wakiuona mji kwa mara ya kwanza. Kabera, mfanyabiashara aliyekulia Kampala, alifungua duka mtaani kwetu akaja na televisheni, deki na jenereta. Nikamsaidia kupanga bidhaa, naye akaniahidi kuniazima mashine siku nitakayotaka. Siku ikapita na nyingine ikapita. Sikutaka. Niliogopa kanda ile kuliko nilivyowahi kuogopa kitu chochote kisicho na mkono.

Mwezi wa kumi na moja akaja Mutoni. Msichana mrefu, Kiswahili chake cha Uganda kimekatwakatwa, amevaa viatu vilivyotembea sana. Alikuwa ameulizia studio ya Jean-Berchmans, akaelekezwa kwa Épiphanie, naye Épiphanie akamleta kwangu dukani.

"Mzee," akaniambia, "baba yangu alikimbia nchi hii akiwa kijana. Ni fundi cherehani Mbarara. Amenituma niwatafute kaka yake mwenye studio na dada yake, shangazi yangu. Sasa nimeambiwa hawapo, wala binti wa shangazi. Mimi sijawahi kuwaona. Baba hana picha hata moja. Huyu mama anasema wewe una picha."

Mgeni njoo, mwenyeji apone, ndivyo tunavyosema. Mimi siku hiyo sikujua kama nitapona. Nilimwangalia Épiphanie, akatikisa kichwa kukubali. Kabera akatuachia chumba cha nyuma cha duka, akawasha jenereta, akaenda zake mbele.

Nikaiingiza kanda. Nikaenda kukaa nyuma, mikono nimeikalia, kwa sababu nilikuwa nimeahidi.

Kioo kikapanda. Sijui nilitegemea nini. Wote walikuwa humo, na kofia zao, na meno yao. Walijitazama kama watu wenye kesho. Épiphanie alijifunika uso kwa kitenge na akaendelea kutazama kupitia kitenge. Mutoni alikuwa ameinama mbele, mdomo wazi. Alipofika kwenye wasichana wa shule alitabasamu, kisha akamcheka jandarme. Kona ikapita, na mtu mwenye kamera kwenye kioo, naye Mutoni akamtazama kama alivyomtazama mchinjaji. Mama mmoja akafunga kilemba chake, akacheka. Picha ikawa chengachenga.

"Ni nzuri," Mutoni akasema kwa heshima. Akasubiri. "Na shangazi? Picha yake iko mwishoni?"

Alikuwa ameshawaona wote wawili na hakujua. Filamu ilikuwa imefanya kila alichotaka Béatha: mtu ameitazama mpaka mwisho bila kuambiwa kitu, kama dirishani. Na mtu huyo alikuwa anaondoka mikono mitupu.

"Swedi," akasema Épiphanie kutoka ndani ya kitenge. "Alikwambia ufunge mdomo mbele ya watu wanaojuana. Huyu hajui mtu."

Nikarudisha kanda mwanzo. Nikasimama kando ya televisheni, mahali pangu, bila maikrofoni. Na nikasema. Nilisema kwa sauti ya kawaida, sikumtilia mtu neno mdomoni.

"Huyu wa kofia ni Théoneste, mpagazi. Mzigo hakuwahi kuudondosha, ila deni la karata alilikimbia. Huyu ni Akimana, na huyu anayemsukuma ni mdogo wake. Huyu mchinjaji ni Bayingana, alitoa nyama ya bure siku ya Idi ingawa yeye ni Mkatoliki. Huyu simjui jina, Mungu anisamehe, alikuwa akiuza ndizi pale chini." Nikaenda nao mmoja mmoja mpaka juu. Mutoni alikuwa anarudia majina kwa midomo, bila sauti.

Kwenye kona nikabonyeza kitufe, picha ikasimama, inatetemeka kidogo.

Kabla sijamtaja, Mutoni aliinuka akasogea karibu na kioo cha televisheni. Akanyoosha kidole, si kwenye kamera wala kwenye jicho. Kwenye ulimi.

"Baba," akasema. "Baba akitunga uzi kwenye sindano anafanya hivi. Hivi hivi, upande huu huu." Akageuka kunitazama. "Huyu ni wetu?"

"Ni wenu," nikasema. "Ni Béatha. Yeye ndiye aliyepiga yote haya. Na sasa tulia hapo hapo, usirudi nyuma, anayekuja ni mama yake."

Nikaachia. Shangazi yake akatoka uani, akafungua kilemba, akakifunga, akajitazama upande huu na upande ule. Mutoni alikuwa amesimama karibu naye hivi kwamba pumzi yake ilifunika kioo, akakifuta kwa mkono wa gauni ili asimpoteze. Shangazi akacheka. Tukairudisha. Akacheka tena. Mara ya tatu Mutoni naye alicheka, akaufunika mdomo kwa mkono, na Épiphanie akaangua kilio ambacho alikuwa hajakilia tangu siku alizojificha darini.

Nilipoitoa kanda ilikuwa na joto, kama mkate. Nikamwomba Kabera kisu. Nikatafuta kile kidole cha plastiki mgongoni mwake, nikaingiza ncha, nikakivunja.

"Unafanya nini, mzee?" Mutoni akauliza.

"Namzuia Béatha," nikamwambia, "asije akatoka."